Faili la Kuazima

Mimi nina hasira za karibu, hilo nalijua, sihitaji kuambiwa na mtu. Kwa hiyo Alhamisi ile asubuhi, mama mmoja fundi cherehani alipoingia chumba cha pili cha kliniki kwa mara ya nne, niliguna kabla hajakaa. Mashine za masikio nilizomfungia mwezi uliopita alikuwa amezivaa kinyume. Ya kulia ina alama nyekundu, yeye kaitia kushoto. Ya kushoto ina alama ya bluu, kaitia kulia. Mirija yake imepinda vibaya nyuma ya masikio, na ngozi imeanza kuchubuka.

"Mama, nyekundu kulia, bluu kushoto. Tumeshasema mara ngapi?"

"Umesema wewe," akanijibu. "Nikavaa ulivyosema wiki tatu, na kichwa kikanigonga wiki tatu. Juzi nikasema potelea mbali, nikazigeuza. Basi jana mteja kasimama mlangoni nyuma yangu, kapiga hodi mara moja nikageuka. Mara moja tu!"

"Haiwezekani."

"Haiwezekani kwako. Masikio ni yangu mimi. Nimekuja unipatie mirija ya kupinda huku, hii inanichuna."

Kliniki yetu ina neno moja la kuwapa wanaolalamika: utazoea. Mashine inapiga kelele? Utazoea. Vijiko vinalia kama mabati? Utazoea. Wala si uongo. Mtu aliyekaa kimya miaka kumi, ukimrudishia sauti za milango na vyombo, huchoka, halafu taratibu huzoea. Ila chumba cha pili, chumba changu, kilikuwa na walalamikaji kuliko cha kwanza, tena miezi hii minne walikuwa wamezidi. Wenzangu wakanitania kwamba nawachagua wakorofi kwa mkono. Nikacheka nao, maana na mimi niliamini ni wakorofi.

Neno lenyewe lilikuwa tayari ulimini. Lakini yule mama hakuwa analalamika, alikuwa anafurahi, na furaha yake ilinikera mpaka nikataka kumwonyesha kwamba amekosea. Nikamwambia avue. Tuna kisanduku kidogo cha kupimia mashine, kinasema mashine inatoa sauti kubwa kiasi gani, na huwa tunakitoa kabatini pale tu mashine inapokufa. Nikakifuta vumbi, nikaweka ile nyekundu ndani.

Sikio lake la kulia ni karibu zima, linataka msaada kidogo tu. La kushoto ndilo lililokufa. Sasa mashine ya kulia ikatoa sauti ya kupasua ukuta. Ya kushoto ikatoa mnong'ono. Nikarudia, nikapata yale yale. Nikabadilisha betri, nikapata yale yale.

"Kuna nini?" akauliza.

"Mama, ulikuwa sahihi."

"Si ndicho nilichokuambia?" akasema, akaanza kupekua mkoba wake akitafuta miwani.

Kilichonijia kichwani hakikuwa kliniki wala wagonjwa. Kilikuwa Baba.

Baba yangu ni fundi pampu. Miaka arobaini ametengeneza pampu za maji za watu, na namna yake ya kuzipima ni moja: anagusisha ncha ya bisibisi kwenye mwili wa pampu, mpini anaubana sikioni, anafumba macho, halafu anakuambia beringi ipi imekwisha. Siku zote sikio la kushoto. Kwa hiyo la kushoto likafa kwanza, la kulia likabaki na uhai mzuri tu. Nilimfungia mashine mimi mwenyewe, kwa mikono yangu, chumba cha pili, miezi minne iliyopita. Akaniambia pale pale, "Mwanangu, huku inanipigia kelele, na huku hakuna kitu." Nikamwambia atazoea. Akarudi mara tatu. Mara ya tatu hatukuelewana, nikamwambia yeye ni kichwa ngumu, na toka siku hiyo akazivua.

Hayo yangekuwa madogo. Kubwa ni barua.

Kaka yangu mkubwa ndiye anayebeba mzigo wa Baba, kwa sababu mimi nina kazi na yeye ana gari. Mwezi uliopita alikuja kliniki amechoka, macho mekundu. Baba kaacha bomba wazi mchana kutwa mpaka maji yamefika kwa jirani, wala hakusikia. Baba anaulizwa umekula nini, anajibu kesho. Baba kavuka nyuma ya lori linalorudi kinyumenyume, honi inalia, yeye anatembea tu kama yuko bustanini. "Nataka kujua kitu kimoja," Kaka akasema, "ni masikio au ni akili? Daktari wa wazee anataka maandishi." Nami, kwa ile hasira yangu na yule mzee, nikachukua karatasi ya kliniki nikaandika kwamba vifaa vyake vimepimwa na viko sawa, na kwamba kutojibu kwake hakutokani na usikivu. Nikasaini, nikapiga muhuri. Daktari wa wazee akasoma, akaamini, akaandika kwamba mzee asiishi peke yake tena. Jumamosi ya wiki hii Baba alikuwa ahamishwe nyumbani kwake, kutoka kwenye karakana yake na majirani zake wa miaka yote, apelekwe chumba cha nyuma kwa Kaka, safari ya saa nne kwa gari. Mtu ambaye hajawahi kuishi kwa mtu.

Leo Alhamisi. Nikamwomba fundi cherehani asubiri, nikatoka mbio kumtafuta Waya.

Waya ndiye anayetutazamia kompyuta. Ni mwembamba, ndiyo maana ya jina, na hana haraka hata moto ukiwaka. Nikamvuta mkono mpaka chumba cha pili, nikamwonyesha kisanduku, nikamwonyesha mchoro wa masikio ya yule mama kwenye skrini. Mchoro ulikuwa sahihi kabisa, na kila siku ulikuwa sahihi. Hapo ndipo nilipokuwa nachanganyikiwa.

"Mchoro unachorwa na programu ya kupimia," Waya akasema, akivuta kiti. "Mashine inafungwa na programu nyingine, ya kurekebishia. Hizi mbili haziongei. Data zinaandikwa na kusomwa na faili la tatu, faili la pamoja. Programu inaliambia tu, niletee masikio ya fulani, na lenyewe ndilo linalojua namba zimepangwaje." Akafungua folda ya programu ya kupimia, akaonyesha kidole. Akafungua folda ya programu ya kurekebishia, akaonyesha kidole. Faili lile lile, jina lile lile herufi kwa herufi, limekaa huku na huku. "Haya. Tazama tarehe."

Moja lilikuwa la mwaka jana. Lingine lilikuwa na miaka tisa.

"Nani kaweka kikongwe hiki humu?" akauliza.

Nilikuwa nimeshakumbuka.

Pale kliniki tuna tabia tunayoiita kuomba chumvi. Kompyuta ikikataa kufungua programu, ikisema faili fulani halipo, huhangaiki kumsubiri fundi. Unachukua flashi, unakwenda kompyuta ya jirani, unanakili faili lenye jina hilo, unarudi unalibandika, kazi inaendelea. Tumefanya hivyo miaka, wote, hata Waya mwenyewe ndiye aliyetufundisha. Asubuhi moja miezi minne nyuma programu yangu ya kurekebishia ikagoma. Waya hakuwepo. Chumba cha kwanza kulikuwa na mgonjwa ndani, mlango umefungwa, na mimi si mtu wa kusubiri. Stoo kuna kompyuta ya zamani, imefunikwa kitambaa. Nikaiwasha, nikatafuta jina, nikalikuta. Nikaomba chumvi kwa marehemu. Programu ikafunguka bila neno, nami nikajisifu siku nzima kwamba mafundi wa kompyuta wanajifanya wa maana bure.

"Zamani walikuwa wanaandika sikio la kulia kwanza, halafu la kushoto," Waya akasema polepole, akisogeza mistari ya namba. "Walipotoa toleo jipya wakageuza, kushoto kwanza. Kwa hiyo programu ya kupimia inaandika kwa faili jipya, ya kurekebishia inasoma kwa hili kuukuu. Linakuta namba za kwanza, linasema hizi za kulia. Kumbe za kushoto."

"Na mbona halikupiga kelele? Mbona halikukataa?"

"Likatae kwa nini? Namba zote zinaeleweka. Lenyewe limefanya kazi yake." Akanitazama. "Wengi hawatakuwa wameona tofauti. Uzee hula masikio yote mawili sawasawa. Wataumia wale ambao sikio moja limeachana na lenzake."

"Kama fundi pampu," nikasema.

"Kama nani?"

"Andika orodha," nikamwambia. "Wote waliofungwa humu tangu siku ile."

Walikuwa thelathini na wanane. Ambao masikio yao yamepishana sana, tisa. Jina la tatu kutoka juu lilikuwa la Baba. Nikayasoma yale majina tisa nikiwa nimesimama, na kila jina nililikumbuka na lawama yake. Mwalimu wa hesabu aliyesema anasikia darasa limehamia upande mmoja. Bibi aliyelia hapa kitini, nikampa kitambaa na lile neno langu. Niliona aibu, aibu ya kweli, ya kutamani kutoka nje ya ngozi yangu.

Mkuu wa kliniki, mwanamke asiyependa kelele, alitusikiliza akiwa ameshika kalamu hewani. Akataka wagonjwa waitwe wote, kuanzia wale tisa, tena kuanzia leo. Hapo tulikubaliana. Halafu akasema waambiwe kuna maboresho ya programu.

"Maboresho gani?" nikasema. "Nimewafungia la kulia kushoto na la kushoto kulia!"

"Shusha sauti. Nimesema waitwe. Ukiwatisha hawatakuja."

"Nitawaambia nilikosea. Mimi mwenyewe, mmoja mmoja."

"Utawaambia," akasema, akiiweka kalamu mezani, "lakini rekebisha kwanza, ueleze baadaye. Anza na huyu aliyekaa huko ndani kwako."

Nikarudi. Waya alikuwa ameshaondoa kikongwe na kuweka faili jipya. Nikamfunga fundi cherehani upya, nyekundu kulia, bluu kushoto, na kisanduku kikathibitisha. Nikamweleza. Alinitazama, akasema, "Yaani wiki tatu zile kichwa changu kilikuwa sahihi, wewe ndiye hukuwa sahihi." Nikasema ndiyo. Akaniambia nisirudie kumfokea mtu mzima, akaenda zake. Alikuwa na haki ya kusema zaidi ya hapo.

Ndipo nikampigia Kaka. Hakupokea. Nikapiga tena. Mara ya tatu akapokea, na nyuma yake nikasikia watu wanahesabu, moja, mbili, inua.

"Kaka, hiyo Jumamosi, tuisogeze mbele kidogo. Nina jambo."

"Jumamosi ipi? Lori limepatikana leo. Nimekupigia asubuhi mara mbili, hupokei. Tumeshapakia kabati, bado kitanda."

"Simamisha!"

"Nisimamishe nini, mdogo wangu? Dereva anarudi na mzigo wa mtu jioni."

"Baba hana tatizo la akili. Mimi ndiye niliyekosea mashine zake."

Akacheka kile kicheko cha mtu asiye na nguvu za kugombana. "Daktari umemwandikia kwamba viko sawa. Una muhuri. Leo unaniambia hivi? Unaona huruma, mimi nakuelewa. Na mimi naona huruma. Lakini lori likimkanyaga nitamwambia nani?" Akakata.

Niliingiza laptopu ya kliniki kwenye begi, na kebo, na betri mpya. Nilikuwa nimefika mlangoni nikarudi mbio, nikamkamata Waya shati. "Na humu kwenye laptopu kuna faili gani?" Akafungua, akatazama tarehe. La mwaka jana. Nikamwambia atazame tena. Akatazama tena, bila kunicheka, Mungu ambariki.

Pikipiki niliyopanda ilikwenda kasi, nami nikaiona inatambaa. Kila taa nyekundu niliitukana. Dereva akaniuliza kama nawahi mgonjwa, nikamwambia ndiyo, akauliza anaumwa nini, nikamwambia haumwi.

Lori lilikuwa limeziba njia yote mbele ya nyumba. Baba alikuwa uani, amekaa kwenye kiti chake cha karakana katikati ya ndoo na magodoro, anawatabasamia wabebaji mmoja mmoja kama mwenye sherehe. Aliponiona akasimama.

"Karibu, karibu! Umekuta fujo. Ndugu yako kaamua kunipakia rangi nyumba, naona wanatoa vitu vyote."

Hakuwa anajua! Walimweleza, najua walimweleza, na yeye akajibu sawa sawa, ndiyo ndiyo, kama anavyomjibu kila mtu siku hizi ili asionekane anasumbua. Kaka alitokea mlangoni na jasho kifuani, akanitazama mimi, akalitazama begi.

"Usinianzie," akasema.

"Nusu saa. Nipe nusu saa, basi. Mashine zake ziko wapi?"

"Sijui. Si alizitupa kwenye makopo yake ya karakana? Makopo yako ndani ya lori, chini huko."

Nikapanda lori. Dereva akaanza kunifokea kwamba mzigo umeshafungwa kamba, nikamwambia afungue au akae pembeni anitazame nikifungua. Akakaa pembeni. Makopo yalikuwa kwenye masanduku matatu ya mbao: misumari, nati na washa zake, beringi kuukuu zilizokauka grisi. Niliyamwaga kopo baada ya kopo kwenye sakafu ya lori. Kopo la saba lilikuwa la washa za mpira, zile pete za kuzibia maji, na katikati yake, zimezungushiwa kitambaa safi kilichokunjwa vizuri, zilikuwepo mashine zake mbili, nyekundu na bluu. Hakuzitupa. Alikuwa amezitunza jinsi anavyotunza kifaa cha mteja.

Ndani ya nyumba kilikuwa kimebaki kitanda na stuli moja. Nikamkalisha kitandani, laptopu nikaiweka kwenye stuli. Baba alipoona mkononi nimeshika nini, akarudi nyuma.

"Hapana. Hizo hapana, mwanangu. Utanisamehe."

Nikamsemesha kwa sauti kubwa, akatikisa kichwa akitabasamu. Nikatafuta karatasi, hakuna. Kando ya ukuta kulikuwa na boksi tupu, nikalirarua upande mmoja, nikaandika kwa kalamu ya wino mzito: NILIKOSEA MIMI. NILIBADILISHA KULIA NA KUSHOTO. JARIBU MARA MOJA TU. Akalisoma. Akalisogeza mbali na macho, akalisoma tena. Halafu akanitazama, tabasamu limetoweka usoni, akageuza kichwa na kunipa sikio.

Nilifanya kazi ile taratibu kuliko kazi yoyote niliyowahi kufanya. Nikafungua jina lake. Nikasoma namba za kushoto na kuzilinganisha na mchoro wake kwenye skrini, moja moja, kisha za kulia. Nikazipeleka kwenye mashine. Nikaongeza sauti kidogo, nikasubiri, nikaongeza tena. Kwenye chumba cha pili nilikuwa nafanya haya kwa dakika kumi huku nawaza chakula cha mchana.

Tumezoea nyumbani kutoshusha sauti mbele ya Baba. Tunamzungumza akiwa amekaa pale pale, kana kwamba ni kabati. Kwa hiyo Kaka, chumba cha jirani, alikuwa anaongea kwa simu na wifi yangu kama kawaida, ukuta ni mwembamba, mlango umeshang'olewa pazia.

"Bado, bado tupo. Kaja mdogo wangu na vitu vyake... Ndiyo, analia lia. Hapana, mzee hajui kinachoendelea, anadhani tunapaka rangi. Afadhali. Tukifika huko atazunguka zunguka siku mbili tatu, atatulia. Kufuli la mlango umeweka? Weka kwa nje. Sikiliza, mimi sikujiamulia. Mwenyewe ndiye aliyeandika barua, binti yake, kwamba si masikio, ni kichwa. Ninayo hapa mfukoni."

Baba alikuwa ameinamisha kichwa, mkono umesimama hewani karibu na shavu. Niliona uso wake unavyobadilika kidogo kidogo. Kwanza mshangao kwamba anasikia. Halafu yale anayoyasikia.

"Tunakwenda wapi?" akaniuliza. Akajisikia sauti yake mwenyewe, akaishusha. "Tunakwenda wapi, mwanangu?"

"Kwa Kaka."

"Barua gani?"

Ningeweza kudanganya. Simu ilikuwa imekatwa, Kaka amesimama mlangoni, na kwa jinsi alivyomtazama Baba nilijua ameelewa. Nikanyoosha mkono. Kaka akasita, akaitoa barua mfuko wa shati, imekunjwa mara nne, ina jasho.

"Nisomee," Baba akasema.

"Baba, nitakueleza tu..."

"Sikutaka maelezo. Nisomee ilivyoandikwa."

Nikaisoma. Nilianza kwa sauti ya juu kwa mazoea, akaninyanyulia kiganja, nikapunguza. Nikasoma tarehe. Nikasoma jina lake, na umri wake. Nikasoma kwamba mgonjwa amepewa vifaa vya kusikia katika masikio yote mawili, kwamba vifaa vimepimwa na viko sawa, kwamba mgonjwa ni mbishi na hatoi ushirikiano. Nilikuwa nimesahau kwamba niliandika hilo. Nikasoma kwamba kutojibu kwake hakutokani na usikivu na kwamba wataalamu wa akili wanashauriwa kumwona. Nikasoma jina langu na cheo changu.

"Mlipima?" akauliza. "Hapo mliposema vimepimwa."

"Hapana, Baba. Sikupima."

Akatikisa kichwa taratibu, jinsi anavyotikisa pampu inapomwambia kilichoharibika. Akageukia mlangoni. "Kitanda hiki kinabaki. Waambie warudishe na kabati. Bomba la uani nilifunge vipi nisilisahau, hilo tutazungumza mimi na wewe, una haki. Lakini kufuli la nje, hapana."

"Sawa, Baba," Kaka akasema. Sauti ilimpasuka, akageuka haraka kwenda kuwaita wabebaji.

Baba akabaki ananitazama. Nilikuwa natafuta pa kuanzia. Nilitaka kumweleza habari ya faili, na stoo, na ile asubuhi ya haraka, na wale saba wengine ambao bado walikuwa huko majumbani mwao wananiamini. Yeye akainua mikono yote miwili, akachomoa mashine ya kulia, akachomoa ya kushoto, akaziweka kwenye kiganja changu na kukifunga vidole.

"Zinafanya kazi vizuri," akasema. "Kwa leo nimesikia ya kutosha. Njoo kesho."

"Nisamehe, Baba," nikamwambia.

Alikuwa ameshainama chini ya kitanda anatafuta viatu vyake. Kaka, aliyekuwa amerudi mlangoni ameshika upande mmoja wa kabati, akasema kwa upole kwamba hajanisikia.